Mkono Uliofunga Upepo

Mavyaa wangu, mama wa mume wangu, alikuwa msoma upepo. Najua leo nikisema hivyo watu hucheka au hutema mate, kila mtu kwa alivyolelewa, lakini miaka ya themanini kilikuwa chama kamili, na kutoka Mambrui mpaka Marafa hakuna asiyekijua. Wenyewe walijiita Wasoma Upepo. Walikuwemo watu wa mjini na watu wa mashamba, Waislamu, Wakristo, na wale wanaotambikia koma, mizimu ya wazee wao. Majina yao ninayo yote, na ya baba zao pia. Kusoma nilikusomea ngumbaru nikiwa tayari mama wa watoto, sikufika mbali, lakini jina nikilisikia mara moja halinitoki. Humu sitalitaja hata moja. Niliwahi kutaja majina siku moja, mbele ya aliyepaswa kuyasikia, na hayakufaa kitu.

Walikuwa na nyumba yao Mambrui, gofu la mawe lililoezuliwa makuti kwa makusudi ili upepo uingie bila kupiga hodi. Ndani walizika vyungu mpaka shingoni, midomo ikielekea kila upande. Mtu alilala kifudifudi, akatega sikio kwenye mdomo wa chungu, akasikiliza. Kila upepo una mvumo wake mle ndani. Huu umepita juu ya chumvi ya Gongoni. Huu umetoka shamba lililochomwa. Huu ni wa baharini lakini umelala bara. Kisha walijadiliana. Jamani, watu wale kwa kujadiliana! Waliweza kukaa asubuhi nzima wakibishana kama upepo uliogeuka njiani ni uleule au umeshakuwa mwingine, kahawa ikapoa, na hakuna aliyekasirika. Mimi nilikuwa nikimsindikiza mavyaa, nakaa kizingitini na mtoto mgongoni, nawaza: watu hawa hawana mashamba ya kulima?

Uganga wao ulikuwa mmoja tu, kufunga. Kamba ya ukindu, fundo moja, maneno yanayosemwa pumzi ikiwa imebanwa, na upepo uliokusudiwa haupiti tena mahali pale mpaka fundo lifunguliwe. Na walikuwa na miiko miwili ambayo sijapata kumwona mmoja wao akiivunja. Wa kwanza, mkono uliofunga ndio unaofungua, mwingine haugusi. Wa pili, swali likiulizwa mara tatu lazima lijibiwe kwa ukweli, hata na mtoto likiulizwa, hata na adui, kwa maana waliamini elimu ikifichwa humwozea mtu tumboni.

Mwiko huo wa pili niliujaribu nikiwa bado bibi harusi. Nilimpikia mavyaa samaki wa nazi, akala kimya.

"Mama, kimekolea?" nikamwuliza.

"Mungu akubariki, mkaza mwana."

"Mama, kimekolea?"

"Wewe mtoto, usiniulize tena."

Nikamwuliza tena. Akaweka mkono chini, akanitazama kwa masikitiko. "Chumvi nyingi, nazi chache, na samaki alikufa tangu juzi. Haya, umefurahi?"

Tulicheka hata mume wangu akatoka ndani kuja kutazama. Tangu siku hiyo tukapendana. Mimi nilikuwa mtoto wa Mambrui, wa nyumba za mawe, yeye Mgiriama wa udongo mwekundu wa nyuma ya Magarini, na watu walisema tutagombana kabla mwezi haujaandama. Hatukugombana.

Mwaka ule ulioleta mambo yote haya, mahindi yalikuwa yanatoa mbelewele, yamesimama vizuri, mara ukaingia upepo wa moto kutoka bara. Asubuhi mbelewele laini, jioni zimekauka kama nywele za maiti. Wazee wa kijiji wakaja kwa mavyaa, wamevaa vizuri kama wanaokuja kuposa. Wakamwomba afunge. Hakutaka. Alisema upepo si mbuzi, ukiufunga ujue utaulisha nini. Wakamsihi mpaka akakubali, kwa sharti kwamba mahindi yakishavunwa ataufungua siku ileile.

Akafunga. Nilikuwepo, nilimwona. Mkono wa kulia ulifanya kazi yote, wa kushoto ulishika tu mwisho wa kamba. Na upepo ukatulia, wallahi, mwenye kuamini aamini. Mahindi yakashika. Watu wakaleta kuku, wakaleta na maneno matamu.

Kabla ya kuvuna, asubuhi moja akipeta mtama uani, ungo ukamponyoka. Nilidhani amechoka. Nilipomfikia mdomo ulikuwa umekwenda upande mmoja, na mkono wa kulia unaning'inia kama si wake. Kiharusi. Mume wangu, aliyekuwa akifanya kazi ya jikoni hotelini Malindi, alikuja, tukampeleka hospitali, wakatuambia tukamkande na tumwombee. Kuvuna tulivuna. Katika mashaka yale hakuna aliyeikumbuka kamba, ila mavyaa mwenyewe, na yeye maneno yalikuwa bado hayatoki.

Vuli haikunyesha. Tukasema itanyesha masika. Masika nayo ikaja mawingu matupu, yanapita juu yetu kama wageni wasiotujua. Silanga, bwawa letu la kunyweshea mifugo, ikakauka mpaka tope likapasuka vipande vya kuokota kwa mkono. Ng'ombe walikufa wamesimama. Tukaanza kula unga wa njano wa msaada, na kwenye foleni ya unga ule, Magarini, ndipo niliposikia mara ya kwanza.

"Unga huu unanuka gunia," alisema mwanamke aliyekuwa mbele yangu.

"Ule ushukuru," akajibiwa. "Wenye kujua mvua ilipofungiwa wanakula huohuo."

"Shh! Mkaza mwana wake huyo hapo nyuma."

"Anyamaze mwenye fundo, mimi nina nini?"

Nilirudi nyumbani na unga kichwani, na maneno yale yakawa mazito kuliko unga. Mavyaa alikuwa ameketi mlangoni, mvi zimesimama kama pamba, macho mekundu kwa moshi wa miaka. Ndipo nilipomwona kama walivyomwona wao. Kule kwetu, miaka ile na hata leo, mzee mwenye mvi na macho mekundu hakosi mtu wa kumnyooshea kidole, na huyu alikuwa na kamba kweli ndani ya nyumba, iliyofungwa kwa kuombwa na walewale waliokuwa sasa wakimnyooshea.

Alikuwa ameanza kusema tena, kwa mdomo wa upande. Nilimweleza. Akasema, "Nipeleke kwa wenzangu."

Tulimpakia kwenye mkokoteni wa punda mpaka Mambrui. Wakakutana wote ndani ya gofu. Mkuu wao alikuwa mwalimu wa chuo cha Kurani, mzee wa kanzu safi, mpole, hajapata kumpandishia mtu sauti. Sote tulimwita Maalim. Mavyaa akaiweka kamba mbele yao, na mimi nikangoja waseme: ifungueni, mama wa watu apate salama.

Wakaanza kujadiliana.

"Upepo uliofungwa ni wa moto, wa bara," alisema Maalim. "Mvua haiji na upepo ule. Kwa hivyo fundo halihusiki na ukame."

"Lakini, Maalim," akasema bibi mmoja wa Malindi, mshonaji mabuibui, "pepo husukumana kama watu njiani. Wa mbele akizuiwa, wa nyuma watapita wapi?"

"Hilo halijathibiti."

"Wala halijakanushwa."

"Tufungue tuone basi," nikasema mimi kizingitini. Haikuwa kazi yangu kusema.

Maalim akanigeukia kwa upole. "Mwanangu, afungue nani? Mkono uliofunga umelala."

"Ana mwingine."

Hapo tena! Kama mkono wa kushoto ni mkono uleule kwa kuwa mwili ni mmoja, au ni mwingine kwa kuwa haukufunga. Walilishika suala hilo mpaka kivuli cha ukuta kikatufikia miguuni. Mavyaa akawaangalia mmoja mmoja, akacheka kwa upande ule mmoja wa mdomo uliobaki.

"Jadilianeni, wenzangu," akasema. "Nikifa mtaniambia mlikubaliana nini."

Wakacheka nao. Walimpenda, nisiwasingizie. Wakakata shauri kwamba wa kushoto haufai, na kwamba dawa ni kuuamsha wa kulia. Mimi nikapewa kazi ya kuukanda.

Nikaukanda. Mafuta ya nyonyo yaliyopashwa moto, asubuhi na jioni, kidole baada ya kidole, kuanzia kwapani kuteremka. Mwanzo ulikuwa kama kukanda unga usiotiwa maji. Kisha asubuhi moja nikaona kidole gumba kinatikisika. Nikapiga kigelegele, jirani wakachungulia, nikawaambia mbuzi amezaa. Kutoka siku hiyo nilimwekea kamba kiganjani kila asubuhi. Alikuwa akiisaga kwa kidole gumba na cha shahada, taratibu, jasho likimtoka, kama mtoto anayejifunza kufunga kifungo. Fundo la ukindu likikauka huwa kama jiwe. Lakini vidole vilikuwa vinarudi. Mimi nilikuwa na ombi moja tu kwa Mungu, kwamba vidole viwahi kabla ya watu.

Kijiji kikaitisha mkutano kwenye baraza ya kinu cha kusagia, kinu kilichokuwa kimefungwa kwa kukosa cha kusaga. Waliwaita Wasoma Upepo waje wajieleze. Maalim akaja peke yake, amepewa nafasi kwenye lori la chumvi, kanzu imejaa vumbi jeupe. Mavyaa nilimwacha nyumbani, nikaenda mimi.

Maalim alieleza vizuri. Tatizo lake ni hilo, alieleza vizuri mno. Aliwaambia kamba ipo, ya nini, ilifungwa kwa ombi la nani. Wazee walioomba wakatazama viatu vyao. Aliwaambia fundo halihusiki na mvua, kwa kadiri elimu ilipofika. Akaulizwa, je, una hakika? Akasema, hakika ni ya Mungu. Nikasikia watu wakinong'ona kama moto unaoshika majani.

Ndipo aliposimama mpwa wa mavyaa, mtoto wa kaka yake. Kijana huyu mavyaa alimlea baada ya mamake kufa, alikula sahani moja na mume wangu. Ng'ombe wake wote walikuwa wamekufa.

"Maalim, shikamoo."

"Marahaba, mwanangu."

"Mkono uliofunga ndio unaofungua, umesema. Na mwenye mkono akifa, fundo linakuwaje?"

Maalim akakung'uta vumbi la chumvi kwenye kanzu. "Tuombe uzima," akasema.

"Sijauliza uzima. Mwenye mkono akifa, fundo linakuwaje?"

Mimi nilisimama. Nilisema kwa sauti, "Maalim, usijibu." Watu wakanizomea, "Kaa chini, mke wa mtu!" Mtu akanivuta kanga. Na yule kijana, ambaye tangu utotoni alikuwa akiingia na kutoka nyumbani mwa mavyaa, ambaye mwiko ule aliujua kama ninavyoujua mimi, akauliza mara ya tatu.

Nilimwona Maalim usoni. Hakuwa na hofu. Alikuwa na uso alionao mwalimu mwanafunzi anapomwuliza jambo la maana, na hata akatikisa kichwa kumsifu.

"Ni swali zuri," akasema. "Wakubwa wetu walilijibu. Mwenye mkono akifa, fundo hufa naye. Upepo huwa huru."

Hakuna aliyepiga kelele. Watu waliondoka mmoja mmoja, kwa adabu, wakimpa Maalim mkono.

Nilimfuata mpaka lilipokuwa lori. "Maalim, umemuua mama."

Akashtuka kweli. "Vipi, mwanangu? Mimi nimejibu swali tu." Kisha nikaona linamwingia, polepole, kama maji yanavyoingia kwenye udongo mkavu. Akashika mlango wa lori. "Lakini aliuliza mara tatu," akasema.

Nilimkuta mavyaa na kamba mkononi. Nikamweleza yote. Vidole vyake viliendelea kusaga.

"Aliuliza nani?"

Nikamtajia jina. Vidole vikasimama. Kisha vikaendelea.

"Maalim amejibu sawasawa," akasema. "Ningekuwa mimi ningejibu hivyohivyo."

"Mama, jamani!"

"Unataka aseme uongo ili mimi niishi? Tangu lini upepo ukasomwa na waongo?"

Nilimkasirikia siku ile, na hasira hiyo bado ninayo. Nikatuma neno Malindi kwa mume wangu. Jawabu likaja kwamba Ijumaa atapata ruhusa, atakuja na gari la mtu, tumhamishe mavyaa mpaka kwa mama yangu Mambrui. Jumatano tukafunga vitu vyake, vichache. Alhamisi ilikuwa siku ya unga wa msaada Magarini, na unga ule hawakumpa mtu mwingine kwa niaba yako. Ilibidi uonekane, na watoto wako uwe nao waonekane. Mavyaa mwenyewe alinifukuza.

"Nenda. Watoto wangu wapate kula. Na ukirudi, huenda ukanikuta nimemaliza kazi. Angalia."

Akanionyesha. Kitanzi kimoja kilikuwa kimelegea, nusu kimetoka.

Tuliporudi jua lilikuwa bado kali. Mlango wa ua ulikuwa chini. Nikawaambia watoto wangojee kwenye mkorosho wa jirani, na jirani hakutoka kuwapokea. Sitaeleza nilichokikuta. Ilikuwa mapanga. Alikuwa pale alipokaa siku zote, mlangoni, na mkono wa kulia hawakuuacha mahali pake. Waliulenga zaidi mkono. Ukindu ulikuwa bado umebanwa baina ya kidole gumba na cha shahada, na nilipata kazi kuutoa, vidole vile nilivyovikanda miezi yote ile virudi na nguvu, vilikuwa vimerudi nazo.

Polisi walikuja siku ya pili. Afande mmoja akaniuliza kama namshuku mtu. Hapo ndipo nilipoyataja majina. Nilimtajia waliokuwa kwenye baraza ya kinu, mmoja mmoja, na baba zao, na waliokaa wapi. Nilimtajia aliyeuliza. Afande akanisikiliza, kalamu mkononi, haiendi.

"Mama, wewe ulikuwepo walipomkata?"

"Nilikuwa kwenye unga."

"Basi hukuona mtu."

Akaifunga kalamu. Yule mpwa alikuja mazikoni, akashika jembe pamoja na wenzake. Mume wangu alimtazama mpaka kaburi likajaa. Baada ya hapo hakurudi kuishi kijijini, akawa mtu wa Malindi, na kinywaji kikawa ndiye ndugu yake.

Mvua ilinyesha. Haikuja siku hiyo wala juma hilo, ilichelewa vya kutosha mtu mwenye akili kusema havihusiani, lakini nani alikuwa na akili? Ilinyesha mpaka maji yakafika magotini. Wanawake walitoka na sufuria wakikinga, wakiimba. Waliponipita waliteremsha sauti, wakanisalimia kwa heshima kubwa, kama mtu aliyetoa sadaka.

Siku moja wakati huo Maalim akaja nyumbani. Alikuwa amekonda, kanzu inamwogelea. Nikampa kiti. Alinipa pole, akalia, na machozi yake yalikuwa ya kweli. Chama kilikuwa kimeacha kukutana, akasema. Watu waliogopa, wengine walikuwa wameshachimbua vyungu vyao. Kisha akawa anaangalia matope uani, na nikajua bado hajasema lililomleta.

"Mwanangu, ile kamba unayo?"

"Ninayo."

"Ulipoitoa mkononi mwake, fundo lilikuwa limefunguka, au lilikuwa bado?"

Nikageukia meko. Nilikuwa nimeshateleka maji ya sima, watoto wamekaa ukutani wanangoja.

"Si kwa ubaya," akasema. "Lakini kama alilifungua mwenyewe kabla, basi mvua ni kwa mkono wake, na kifo kile hakikuleta kitu, na ni lazima watu waambiwe. Na kama halikufunguka..." Akasita. "Fundo lilikuwa limefunguka?"

Alikuwa ameuliza mara mbili. Nikamwona, mzee wa watu, anajua anachokifanya, na hawezi kujizuia.

"Mwanangu. Lilikuwa limefunguka?"

Mimi sikuwa mwanachama. Mwiko ule haukunishika. Niliingia ndani, nikaitoa kamba chini ya mkeka, nikarudi nayo imefumbatwa ngumini asiione. Nikainama mbele ya meko, nikaitia chini ya sufuria. Ukindu mkavu huwaka haraka. Maalim aliinuka nusu kwenye kiti, akanyoosha mkono, kisha akaurudisha mapajani.

Maji yakachemka. Nikatia unga, nikasonga. Nilipoipakua sima nilimwekea na yeye sahani, kwa kuwa alikuwa mgeni, na alikuwa mwenziwe mavyaa. Alikula matonge mawili, akanawa, akaniaga kwa adabu. Hakuniuliza tena.